Barua Yangu na Cheo Chake

Jumatatu, 5 Mei
Nimekamua maziwa kikombe kimoja, nimemwachia jirani, Mama Zuhura. Mwanangu Neema hataki chupa. Anaipiga kwa mkono. Miezi minne tu na kiburi chote hicho. Mpenzi wangu.
Kazini Kurasini nimepanga vikombe, halafu vibao vya majina mezani. Ofisi ya mataifa mengi ile, kila mtu na kibao chake. Mie na darasa la saba langu ndiye ninayevipanga kwa ukubwa wa vyeo. Mchana nimepeleka barua kwa bosi. Naomba masaa mawili kwa siku nije nyumbani Keko kunyonyesha. Si mbali, nusu saa kwa mguu. Nimeiandika mara nne mpaka mwandiko umenyooka. Atakubali tu.

Jumatano, 7 Mei
Imerudi. Bwana Mushi wa itifaki kaizungushia wino mwekundu. Nimeandika "Mkurugenzi". Kumbe tangu juzi makao makuu wamembadilisha bosi cheo, sasa ni Katibu Mtendaji. Kiti kile kile, chai ile ile isiyo na sukari. Nikamwambia Bwana Mushi, si ungempelekea tu.
"Dada wa chai, hapa si sokoni."
Namchukia leo. Basi.

Ijumaa, 9 Mei
Imerudi tena. Katibu Mtendaji nimeandika, lakini sikuweka "Mheshimiwa Balozi". Aliwahi kuwa balozi zamani huko, na cheo hicho, anasema Bwana Mushi, mtu hakivui.
Nimelia chooni. Maziwa yamelowesha sare, nimepita koridoni nimejiziba na trei. Nyumbani Mama Zuhura kasema Neema kakubali vijiko viwili tu, kalia mpaka sauti imekauka. Mtoto anajua itifaki? Yaani mtu anaona njaa ya mtoto halafu anatafuta "Mheshimiwa".

Jumanne, 13 Mei
Barua ya tatu. Mheshimiwa, Balozi, Daktari, Katibu Mtendaji. Vyote nimeweka, kwa mpangilio, mstari mzima na nusu.
Imerudi. Eti mtu wa ngazi yangu hamwandikii mkubwa moja kwa moja. Ipitie kwa Mkuu wa Utawala. Na Mkuu wa Utawala yuko Ulaya kwenye mkutano mpaka mwisho wa mwezi.
Mwisho wa mwezi! 
Ziwa la kushoto limeanza kupungua. Mama Zuhura anasema maziwa yasiponyonywa yanakwenda zake. Naogopa.

Alhamisi, 15 Mei
Wageni wa nje leo. Vibao ishirini na viwili. Cha bosi kirefu kuliko vyote, hakisimami, nimekiegemeza kwenye chupa ya maji.
Walipotoka kupiga picha bosi kabaki nyuma anatafuta miwani. Ilikuwa chini ya makabrasha, nikampa. Halafu mdomo ukaenda wenyewe. Shikamoo baba, nina mtoto mchanga, naomba masaa mawili nikamnyonyeshe.
"Marahaba. Sasa mwanangu, si ungeandika barua?"
"Nimeandika tatu, baba. Zote zimerudi kwa sababu ya cheo chako."
Kakiangalia kibao chake kama ndio kwanza anakiona. Kakigeuza, kaandika nyuma: Apewe masaa mawili kila siku, kuanzia kesho. Kasaini.
Bwana Mushi kakipokea kwa vidole viwili. "Hii si karatasi ya ofisi." Kakigeuza kutafuta kosa. Mbele kuna cheo chote, hakuna kilichopungua. Kayachapa maneno yale yeye mwenyewe kwenye karatasi ya ofisi. Kagonga mhuri bila kuniangalia.
Nilidhani nitafurahi. Nina hasira tu. Siku kumi za mwanangu, zimeliwa na wino mwekundu.

Ijumaa, 16 Mei
Saa sita nimetoka. Keko mafundi seremala wanapiga randa, vumbi la mbao mpaka mlangoni kwetu. Neema kwanza kageuza uso. Sikumlazimisha. Nimekaa naye kwenye mkeka, nimemwimbia kidogo, taratibu.
Akashika. La kushoto.