Kikombe Nilichokikataa Kilolo

Mama yangu,

Shikamoo. Mmeamkaje huko Tukuyu, na goti lako limekubali kushuka shambani? Mimi ni mzima kabisa, ila baridi ya huku Kilolo haina adabu. Leo lakini silalamiki, nina furaha mpaka kalamu inanikimbia.

Nilikuambia tunapiga filamu ya Mama Zawadi, muuza ulanzi, ile pombe ya mianzi. Huyu mama anakinga mwenyewe, anapita na panga kwenye mianzi yake alfajiri, kazi ambayo wengi wanasema ni ya wanaume, kisha anauza kilabuni kwake. Baraka anashika kamera, mimi nashika maiki. Hatuulizi maswali wala hatumwelekezi mtu. Tunakaa kimya, watu waendelee na shughuli zao kana kwamba hatupo. Ndivyo nilivyofundishwa chuoni.

Sasa nenda wewe ukakae kimya kwa Wahehe! Kila anayeingia, "Kamwene!" na mkono anakupa. Mimi naitikia kwa kichwa tu. Siku moja Mama Zawadi akachota ulanzi, akaonja yeye kwanza kama desturi ilivyo, ili mgeni ajue hakuna kibaya ndani, akaninyooshea kikombe. Na mimi, msomi wako, nikatikisa kichwa.

Weee! Kilabu kizima kikageuka kunitazama. Kesho yake akatusimamisha mlangoni. "Rudini mjini. Anayekataa kikombe nilichokionja mwenyewe ananiona mchawi."

Mama, nililia. Kazi yote ile, na bila yeye hakuna filamu.

Nikamwachia Baraka vifaa, nikarudi peke yangu mikono mitupu. Nikapiga magoti, nikasalimia mmoja mmoja mpaka wazee wa kule pembeni, halafu nikaomba kikombe. Mama Zawadi akaniangalia weee, akachota, akaonja, akanipa. Nikamaliza chote! (Mchungaji asisikie.) Nikashinda naye naosha vikombe, tunacheka, na jioni akasema, "Haya, mwite mwenzako na hilo likamera lenu."

Jana tuliwaonyesha filamu palepale kilabuni, kwenye shuka. Mama Zawadi alipojiona na panga lake akapiga vigelegele. "Kumbe ndivyo nilivyo nikiwa kazini! Nani tena ataniambia hii si kazi yangu?" Ilipofika pale ninapokataa kikombe, watu wakanizomea kwa kelele, yeye akacheka mpaka machozi yakamtoka. Nikamwambia kipande hicho nitakikata.

"Thubutu!" akasema. "Kiache, watu waone ulivyokuwa kabla hatujakulea."

Basi nimekiacha. Mwalimu wangu akinuna, anune.

Nisalimie Bibi, mwambie blanketi lake ndilo linalonilaza. Kaka naye, mwambie aache kuniita mpiga picha wa harusi. Filamu ikifika huko, ukiniona natikisa kichwa, usifunike uso kwa kanga, mama yangu. Cheka tu. Wenyewe walishanisamehe.

Binti yako,
Atupele