Kilio cha Tumpale

Itaka, 4 Machi 2024

Mdogo wangu Ambilikile,

Hujambo huko Dar? Sisi wazima, ila mwanangu Tumpale amerudi kutoka kwenye filamu yako akiwa si yule uliyemchukua. Aliingia uani na lile vazi la zama za Mjerumani, mimi naanika kahawa. Akanishika uso kwa mikono miwili, akapiga yowe. Anasema kabla ya kupigwa picha ile sehemu ambapo binti anayemwigiza anaona mama yake akinyongwa, ulimwita pembeni ukamwambia, "Mama yako amegongwa na lori pale Chapwa. Amefariki." Kisha ukawasha kamera.

Ni kweli? Kama ni kweli, kiondoe kipande hicho.

Dada yako


Dar es Salaam, 19 Machi

Dada, shikamoo. Shemeji Jairo anaendeleaje?

Ni kweli. Asubuhi nzima alikuwa analia kilio cha kuigiza. Wazee wetu walinyongwa kweli, dada, na nani aliwahi kuuonyesha msiba wao? Nilihitaji kilio kimoja tu cha kweli, nikakipata. Baadaye nilimwambia upo hai. Msanii akianza kuomba ruhusa kila hatua, hakuna filamu. Sikiondoi.

Mdogo wako


Itaka, 30 Juni

Ambilikile, u mzima? Mimi mwili tu ndio mzima.

Tumeiona filamu ukumbini Tunduma. Tumpale wa kwenye filamu alipoanguka akagaagaa, mama mmoja pale ukumbini akasema, "Huyu binti anajua kuigiza!" Mwanangu akasimama: "Sikuwa naigiza." Ukumbi mzima ukacheka.

Unawaonyesha watu ukatili wa Mjerumani. Mjerumani hakuwa mjomba wake.

Dada


Dar es Salaam, 2 Septemba

Shikamoo dada. Natumaini hasira zimepoa.

Tumepata tuzo Ulaya. Wapo walionishambulia magazetini kwa jinsi nilivyomliza Tumpale. Ubishi wao ndio uliojaza kumbi. Namtaka tena, acheze mjane. Mwambie safari hii sitamdanganya.

Mdogo wako


Itaka, 21 Septemba

Ambilikile,

Shemeji yako Jairo alifariki Jumatatu, presha. Nilimwambia Tumpale mwenyewe, nimemshika mikono. Alinitazama, akachungulia nyuma ya mlango, akainua pazia.

"Kamera iko wapi, mama?"

Waombolezaji walipoanza kuimba, akatabasamu. "Hawa wanaigiza vizuri."

Tumemzika baba yake, yeye ameketi jikoni akingoja mtu aseme imetosha, kamera izimwe.

Usije msibani. Akikuona wewe hapa, hataamini kabisa.

Mama Tumpale