Sigbjørn, Uliyemfungulia Margit Maporomoko

Mwaka mzima umepita, Sigbjørn, tangu asubuhi ile ya Juni ulipopanda msituni kutia alama miti ya kukatwa, moyo wako ukasimama, kopo la rangi likiwa bado mkononi mwako. Mimi, dada yako Torgunn, ndiye niliyepewa kalamu na familia. Wanasema niligombana nawe kuliko wote, kwa hiyo ndiye ninayekujua zaidi.

Uliiongoza kampuni yetu ya misitu na umeme miaka thelathini na moja, na bado ulikwenda mwenyewe kuondoa majani kwenye wavu wa bwawa. Ulipanda misonobari ambayo wajukuu zako wataikata wakiwa wazee. Mkate wako ulikuwa na jibini ya kahawia kila siku ya Mungu. Ulipiga mluzi kanisani, ukidhani husikiki.

Jirani yetu Margit alizaliwa kwenye nyumba iliyo kando ya maporomoko. Alikuwa na miaka sita babu yetu alipoziba mto kwa bwawa la umeme, pakabaki mwamba mkavu. Kila alipokuona aliuliza, "We kijana, maji yangu umeniletea?"

Nawe, na mvi zako zote, ulijibu, "Yako njiani, mama."

Agosti ile ya ukame, mwaka uliotangulia kifo chako, siku moja kabla Margit hajahamia nyumba ya wazee, ulimbebea kiti hadi mwambani, ukamfunika blanketi, ukapanda kufungua lango la bwawa. Maji yalikuwa yameshuka mno. Mitambo miwili kati ya mitatu tulikuwa tumeizima. Nilikupigia simu nikifoka.

"Umerukwa na akili? Lifunge hilo lango!"

"Nitalifunga jioni."

"Kampuni si yako peke yako, Sigbjørn!"

"Najua. Na mto je, ni wetu peke yetu?"

Ukakata simu.

Margit aliyasikiliza maji saa nzima. Kisha akakugeukia. "Zamani yalikuwa na kelele zaidi ya hivi." Ukapanda tena kilima, na goti lako bovu, ukazungusha gurudumu la lango mara nne zaidi.

Nilikununia wiki saba. Mwishowe nikaja ofisini kwako na keki. Ulisogeza makaratasi, ukasema, "Kaa basi, kahawa inapoa." Hatukuligusa tena jambo lile. Nilidhani muda upo.

Aprili mwaka huu, sisi wenye kampuni tulikutana mezani kwa mkeo, Aslaug. Mwanao Eivind akasoma pendekezo: lango lifunguliwe kila Jumapili ya kiangazi. Wote wakanitazama mimi. Nikawa wa kwanza kuinua mkono.

Jumapili iliyopita nililifungua mwenyewe. Sikujua gurudumu lile ni zito hivyo. Nikashuka kusimama na Aslaug mwambani, na maji yalipoanguka nikakuomba radhi kwa sauti, kwa maneno yote niliyoyabana kifuani siku zote hizo. Aslaug alikuwa ubavuni kwangu kabisa, na hakusikia hata neno moja.

Unakumbukwa na mkeo Aslaug, wanao Eivind na Hallfrid, wajukuu zako wanne, wafanyakazi wote wa bwawani na msituni, Margit, na mimi dada yako.

Hutatutoka moyoni, Sigbjørn, maisha yetu yote.