Kabichi Aliyoichemsha Baba

Eldoret,
Jumapili mchana

Kwa mke wangu Rasoa,

Keti kwanza. Najua wewe barua huisoma ukiwa umesimama mlangoni penye mwanga, na hii ni ndefu, miguu itakuuma. Unaendeleaje? Kile kikohozi kimekuachilia? Mama anasemaje na magoti yake, mvua hizi zote? Na yule kuku wangu mwekundu, bado anataga juu ya kitanda chetu? Mimi ni mzima, isipokuwa kidole kimoja nilichojikata jana kwa haraka, na sababu ya haraka hiyo ndiyo habari yenyewe.

Baba yako amefika. Na wewe ulijua anakuja! Ungeniandikia neno moja tu, Rasoa, hata "jihadhari" ingetosha. Alishuka Ijumaa adhuhuri kutoka kwenye lori la mahindi lililopitia Turbo, amevaa koti lake la kanisani, akamuuliza Kiptoo, mtunza bustani wetu, "Ofisi ya Zakayo iko wapi?" Ofisi! Mimi na wewe miaka miwili tumekuwa tukimwambia kwamba nafanya kazi "kwa Mzungu", tukaishia hapo, naye katika kichwa chake akanijengea meza na kalamu. Kiptoo ni mtu mwema, hakucheka. Alimleta moja kwa moja mpaka jikoni, maana jiko letu liko nje, nyuma ya nyumba kubwa, na hapo akanikuta mkwe wake nimefunga aproni nyeupe, namenya karoti.

Sitasahau vile alivyoniangalia. Hakunitukana. Alisema tu, "Kwa hivyo ofisi ni hii," akageuka, akaenda kuketi juu ya gogo la kuni, amenipa mgongo. Chai alikunywa. Ugali alikula. Lakini uso hakuugeuza kwangu. Nami nilijua alichokuja kufanya: kuona mahali binti yake anapoombwa aje kukaa, ndipo aseme ndiyo au hapana. Nikasema moyoni, basi, Rasoa haji tena. Mimi na kabichi mpaka uzee.

Simlaumu. Tangu dada yako Jerida aende Kisumu kwa mumewe, akashikwa na homa, akalala siku nne bila hata uji kwa sababu mwanaume yule hashiki mwiko, Baba alisema hatoi binti mwingine kwenda mjini. Alimbeba Jerida mwenyewe kutoka barabarani mpaka nyumbani. Wewe ulikuwepo, uliona. Nilikuwa najua yote hayo, na bado nilikuwa nikikuomba, kwa sababu nyumba hii niliyopewa ni ndogo lakini bila wewe ni kubwa mno.

Sasa nikueleze mambo ya kabichi, usije ukadhani nimepungukiwa akili. Memsahib wangu ni mjane wa Kikaburu, na Jumamosi ya mwisho wa mwezi huwaalika akina mama wanne wa kanisa lake kwa chakula cha mchana. Hupenda kabichi mbichi, iliyokatwa nyembamba. Ndiyo, mbichi. Zamani tuliichanganya na mayonezi, ule mchuzi mzito wa viini vya mayai na mafuta ya chupa, lakini tangu vita vianze mafuta hayo hayapatikani katika duka lolote la hapa. Mara ya kwanza nilijaribu kwa samli. Rasoa, usijaribu. Iliganda juu ya kabichi na baridi ya huku, memsahib akaisukuma sahani kwa kidole kimoja tu. Siku ile nilidhani nitafunga virago.

Ndipo nikatafuta njia yangu mwenyewe, na najivunia njia hii kuliko kitu chochote nilichofanya hapa. Unachagua kabichi ngumu, ile ambayo ukiigonga inajibu. Unatoa majani ya nje, unaipasua mara nne, unaondoa kile kigogo cha katikati, unakata nyembamba sana kwa kisu ulichonoa asubuhi hiyohiyo. Unailoweka kwenye maji baridi, na maji ya huku huhitaji kuyaambia yawe baridi. Ikishakaza, unaitoa, unaikausha kwa kitambaa kabisa, maana maji yakibaki yanaharibu utamu wote. Karoti unaiparuza, kitunguu kidogo tu. Pembeni unakoroga siki, limau, sukari kidogo, chumvi na pilipili manga. Lakini humwagi! Humwagi mpaka watu wameshaketi, kwa sababu ukimwaga mapema kabichi inalegea, inatoa machozi. Na juu kabisa, mwisho, unanyunyiza njugu zilizokaangwa na kupondwapondwa. Njugu zako, zile ulizonitumia kwenye kibuyu. Memsahib hajui kwamba kila mwisho wa mwezi anatafuna shamba la mke wangu.

Basi jana nilikuwa nimeshamaliza. Kabichi imekauka, imo ndani ya bakuli, nimeifunika kwa kitambaa. Kuku wa baridi tayari, viazi tayari. Baba yuko palepale kwenye gogo lake, ananitazama kwa pembe ya jicho. Nikachukua sahani, nikaenda nyumba kubwa kupanga meza. Niliporudi, kabla hata sijafika mlangoni, nikasikia harufu.

Harufu ya kabichi inayochemka.

Rasoa, baba yako, mzee wa kanisa, mtu ambaye mama yako anasema hajawahi kujichotea hata maji ya kunywa, alikuwa amesimama mbele ya jiko, mikono ya koti ameikunja, mwiko mkononi, anakoroga. Bakuli langu tupu. Kabichi yote imo sufuriani, pamoja na karoti, inatoa mvuke.

"Baba!" nikasema.

"Polepole," akaniambia kwa sauti ndogo, akitazama mlangoni kama mwizi. "Ulisahau kupika. Nimeangalia nikaona hii kijana anataka kupelekea wazungu majani mabichi. Moto iko, kuni iko. Wangekufukuza leo leo. Nimeweka chumvi. Bado kidogo iko tayari."

Nilitaka kulia, nikataka kucheka, na ukweli nilitaka pia kupiga kelele, maana mmoja wa wale akina mama alikuwa ameshafika, na nilikuwa na muda wa kama robo saa kabla ya kengele ya memsahib kulia. Nikafunga macho. Nikamwambia, "Baba, asante. Lakini hii hawapiki. Wanakula hivyo hivyo."

"Mbichi?"

"Mbichi."

"Kama mbuzi?"

"Kama mbuzi, Baba."

Aliutazama ule mwiko. Akatazama sufuria. Nikaona anaelewa alichofanya, uso wake ukashuka, na hapo hasira yangu yote ikaisha. Mzee huyu alikuwa ameingia mahali ambapo hajaingia maisha yake yote, akashika mwiko ambao hajawahi kuushika, ili mimi nisifukuzwe. Mimi, ambaye alikuwa amenipa mgongo tangu Ijumaa.

"Iko ingine?" akauliza.

"Ziko nyingi, kule bustanini."

Hakungoja. Alitoka mbio, Rasoa, mbio kweli, na koti lake la kanisani, Kiptoo akadhani kumeingia ng'ombe bustanini. Akarudi na kabichi ameing'oa nzima nzima, na mizizi na udongo. Nikaanza kukata. Hapo ndipo nilipojikata kidole. Sikuwa na muda wa kuiloweka kwa maji ya pipa, kwa hiyo Baba akakimbia tena na ndoo mpaka kwenye mfereji unaotoka mtoni, ambako maji yanauma mikono. Kabichi ikakaza upesi kuliko siku zote. Nikaifunga kwenye kitambaa, nikamwambia Baba akaizungushe nje, maji yatoke. Nikawa namwona kupitia mlango: ameshika pembe za kitambaa, anazungusha kwa nguvu zake zote, maji yanaruka mpaka kwenye nguo za memsahib zilizoanikwa. Mimi huku naponda njugu kwa chupa.

Na ni wakati huohuo memsahib alipotokea.

"Zakayo! Wapi chakula?" Kisha akamwona mzee na kitambaa chake. "Huyu nani?"

"Baba ya bibi yangu, memsahib."

"Anafanya nini?"

Baba akasimama wima, kitambaa kinamdondokea viatuni, akamtazama memsahib usoni, akasema kwa Kiswahili chake kile cha sokoni, "Mimi nasaidia huyu. Sisi yote ni wapishi."

Memsahib akachungulia jikoni, akatazama mwiko, akatazama sufuria inayochemka, akatutazama sisi wawili. "Mzuri," akasema. "Mpishi mbili. Upesi upesi." Akaenda zake.

Sisi yote ni wapishi! Baba yako! Nilimwaga siki, nikanyunyiza njugu, nikapeleka bakuli mezani kengele ikiwa inalia. Lilirudi tupu. Mmoja wa wale wageni alikuja mpaka mlango wa jiko kuuliza kama kweli hakuna mayonezi ndani yake. Nikamwambia hakuna, memsahib, ni baridi na njugu tu.

Nilikuwa nimeacha kidogo kwenye kikombe. Nikampa Baba. Aliitazama kwa muda, kama mtu anayeonyeshwa dawa, halafu akaweka mdomoni. Ikasikika kabisa: kra, kra, kra. Akaacha kutafuna. "Kumbe inapiga kelele," akasema. Akaongeza nyingine. Akamaliza kikombe. Njugu alizitambua mara moja. "Hizi ni za Rasoa," akasema, na tangu afike hapa hiyo ilikuwa mara ya kwanza kutaja jina lako.

Ile kabichi yake tulikula na ugali, mimi na yeye na Kiptoo. Chumvi ilikuwa nyingi kiasi cha kutosha ng'ombe watatu. Nilimaliza sahani yangu yote na kuongeza, na ningeongeza tena.

Leo asubuhi tulikwenda kanisani pamoja, na sasa ameketi hapa mlangoni pangu, ameweka begi lake tayari kwa lori la kesho, ndani ametia kabichi mbili alizopewa na memsahib. Barua hii ataibeba yeye. Kuhusu wewe bado hajasema chochote. Nimekuwa nikiandika na kumtazama, naandika na kumtazama, na sikuwa na ujasiri wa kuuliza.

Nisalimie Mama, umwambie asicheke sana Baba akisimulia, na kama hasimulii, wewe hujui kitu. Msalimie Jerida, na yule mtoto wake mwenye meno mapya. Msalimie mwalimu Erasto anayefundisha kwaya, umwambie huku wanaimba polepole mno. Msalimie na shangazi Marita, yule anayefuma vikapu, kile alichonipa bado kinabeba mayai bila kuvunja hata moja.

Nilikuwa nataka kufunga hapo. Lakini Baba ameniuliza hivi punde, bila kugeuka, "Ukiugua hapa, nani anakupikia uji?"

Nikamwambia, "Najipikia mwenyewe, Baba."

Halafu akauliza, "Na akiugua bibi yako?"

"Nitampikia. Asubuhi na jioni, mpaka apone."

Sasa amevuta kiti karibu na meza. Anasema niandike maneno yake kama alivyoyasema, nisiongeze yangu, kwa hiyo ndiyo haya:

"Binti yangu, funga mizigo. Hapa hutalala njaa. Njugu leta nyingi."

Ni mimi mume wako, ambaye ameanza kufagia nyumba tangu sasa,
Zakayo