Nani Alimuzika Mama

Kasongo, siku ya soko

Bwana yangu Déo, huko machimboni,

Watoto wako wazima, muhogo umekauka vizuri.

Mara ya kwanza ulipokosa kufika tribinali kwa kesi yako, nilimwambia juji kwamba unaumwa. Mara ya pili ukanituma niseme unamuzika mama yako Wamaza, na juji akatupa pole. Jana ukakosa tena, mara ya tatu. Mama, bila kujua lolote, alifika na pikipiki, akaingia, akapiga magoti: "Baba juji, mie ndiye mama yake Déo. Mumuhurumie." Watu wakacheka. Juji hakucheka. Alifuta dhamana yako palepale, na sasa polisi wanakutafuta.

Mama hataki kula. Ananiuliza nani alimuzika angali muzima. Nimeshindwa kutaja jina lako. Kuja, Déo, ulitaje mwenyewe.

Bibi yako anayelia,
Rachelle