Masikio ya Tvebak

Aarhus,
Januari 9, 1979

Mdogo wangu mpendwa Asger,

Salamu nyingi zikufikie hapo ulipo, theluji ikizipisha. Natumaini u mzima, na kwamba goti lako halijakulaza kitandani kama mwaka jana. Mimi sijambo, ukiacha kifua na uzee. Tumefungiwa ndani tangu mkesha wa mwaka mpya. Mlango wa chini ulizikwa na theluji mpaka kwenye kitasa, na aliyetufukua kwa koleo ni jirani yangu Fru Bonnesen, huku akituita wavivu wakubwa tusiokuwa na haya. Posta ilifunguliwa jana, ndiyo maana nakuandikia leo.

Barua yako ya kabla ya Krismasi niliipata. Unasema miaka ishirini na mitano iliyolipiwa ya kaburi la binti yako Birthe inakwisha mwezi huu wa Januari, na mchungaji anataka kujua kama utaomba muda mwingine au jiwe liondolewe na udongo usawazishwe. Unasema umeamua liondolewe. Eti baba aliyeshindwa kumwambia mwanawe neno moja hana haki ya kulala ubavuni mwake. Asger, wewe ni mbishi tangu ukiwa na meno ya utotoni, lakini safari hii nakusihi usitie saini mahali popote mpaka umalize barua hii. Isome ukiwa umekaa.

Nitaanza mbali kidogo, nivumilie. Unakumbuka nilivyoondoka nyumbani kwenda Copenhagen, na baba akasema uigizaji ni uvivu uliovaa vizuri. Miaka saba nilicheza kijakazi anayeingia na sinia. Mkurugenzi mmoja aliniambia bila kupepesa macho kwamba Mungu amenipa uso wa kuleta supu. Nilicheka naye, kisha nikaenda kulia chooni. Ndipo nikakutana na mzee Valdemar, aliyekuwa akichezesha vikaragosi kwenye viwanja vya starehe, akanifundisha kazi ambayo uso hauhitajiki.

Kanuni ya kwanza ya Valdemar ilikuwa hii: mkono ukishaingia ndani ya kikaragosi, wewe hupo. Usikohoe, usicheke, usiseme kwa sauti yako hata nyumba ikiungua. Akanichongea Tvebak, nikampa jina la mkate ule mkavu tuliokuwa tukiuchovya kwenye maziwa. Masikio yake makubwa niliyashona mwenyewe kwa ngozi ya buti kuukuu la baba. Yalikuwa makubwa makusudi, maana kila onyesho lilipokwisha watoto walipanga mstari kumnong'oneza Tvebak siri zao, na yeye akawaitikia kwa kichwa. Niliwaambia watoto kwamba siri ya Tvebak haitolewi nje, na atakayeitoa, masikio ya Tvebak yatadondoka.

Sasa sikiliza jambo ambalo hakuna mzazi hata mmoja aliyewahi kuniuliza. Mimi nilikuwa nimechuchumaa nyuma ya ubao, mkono nimeunyoosha juu, na lile sikio la ngozi lilikuwa mbali kabisa na sikio langu. Sikusikia kitu, Asger. Nilihisi tu mtoto akigusa, nikasubiri mpaka kugusa kule kuishe, kisha nikaiinamisha ile shingo mara tatu, polepole, kama anayesema ndiyo. Valdemar alinionya nisije nikakataa. Alisema mtoto hataki jibu, anataka kukubaliwa. Ukimkatalia mmoja akalia, ukumbi mzima utalia, na mwalimu hatakualika tena. Basi nikawa naitikia. Mchelea mwana kulia hulia yeye, mama alitwambia hivyo kila siku, na mimi nilidhani anamsema mama wa jirani.

Dalili zilikuja, siwezi kusema hazikuja. Vuli ile ya mwaka 1953 mtoto mmoja kule Randers alimnyoa dada yake nywele zote kwa mkasi wa kushonea, akajitetea kwamba Tvebak ameruhusu. Mama yao alinisimulia huku akijishika mbavu kwa kicheko, nami nikacheka. Wiki tatu baadaye msichana mmoja alitupa miwani yake kisimani. Baba yake hakucheka. Aliniuliza kwa upole, huyo mtu wako wa mbao huwa anawaambia nini watoto wetu. Nilimjibu kwamba Tvebak hasemi, anaitikia tu. Nilijiona nina akili sana siku hiyo. Usiku swali lake lilinirudia, lakini nilikuwa na maonyesho manane mwezi ule, nikalipuuza.

Halafu ikaja Jumamosi ile ya Januari kwenye ukumbi wa shule yenu. Nilifurahi, ninyi ndugu zangu mtaniona kwa mara ya kwanza nikishangiliwa. Wewe hukuja, asubuhi ulikuwa umekwenda na keekee kutoboa barafu ya ghuba, kupima kama kiwanda cha maziwa kinaweza kuanza kuikata, ukaiona bado nyembamba, ukapita nyumbani, kisha ukaenda kuwaambia wenzako kazini. Birthe alikaa mstari wa mbele na koti lake jekundu, anawatambia wenzake kwamba yule nyuma ya ubao ni shangazi yake. Wakamwambia nenda zako, mwongo mkubwa we, nyuma ya ubao hakuna mtu.

Saa tisa alasiri alikuwa chini ya barafu. Sina la kukuambia juu ya saa hizo, wewe ndiwe uliyemtoa.

Ninalokumbuka ni jioni, jikoni kwenu. Mkeo Ellinor amesimama karibu na jiko, hajavua koti, anakuuliza, "Ulimwambia? Asger, ulimwambia barafu haijakomaa?" Ukasema hukumbuki. Ulisema asubuhi ilikuwa na haraka, ulikunywa kahawa wima, labda ulimwambia, labda ulikusudia tu. Akakuuliza kesho yake tena, na wiki iliyofuata, na mwaka uliofuata, mpaka siku aliyofunga sanduku lake akaondoka. Polisi naye alikuuliza. Jibu lako lilikuwa lile lile, hukumbuki, na kila ulipolisema ulipungua kidogo mbele ya macho yangu.

Polisi yule aliniuliza na mimi. Nilimwambia sikumwona Birthe baada ya onyesho, nilikuwa nafungasha mizigo. Huo ni uongo. Sikumwona, kweli, lakini nilimtambua kwa mikono yake. Watoto wengine humgusa Tvebak kwa kidole. Birthe alimshika masikio yote mawili kwa nguvu, kama alivyozoea kukushika wewe. Alikaa hapo muda mrefu kuliko mtoto yeyote. Nami nikaitikia mara tatu.

Nilijua jioni ile ile kwamba aliomba kitu na kwamba nilikikubali. Sikujua ni kitu gani, nikajifanya hiyo ndiyo salama yangu. Nikasema huenda aliomba pipi. Nikasema huenda aliomba mbwa. Kisha nikaendelea na kazi, Mungu anisamehe, na kazi ikanawiri. Nikaingia kwenye televisheni, nchi nzima ikampenda Tvebak, wakanipa nishani. Lakini kila mtoto niliyemwitikia, nilingoja siku mbili tatu nisikie habari mbaya. Hivyo ndivyo dada yako alivyoishi, huku wewe ukinikatia picha zangu magazetini.

Desemba iliyopita nilifanya onyesho moja katika maktaba ya hapa, baada ya kukaa muda mrefu bila kuonyesha. Walitupikia vile vitumbua vya Krismasi, watoto wakajaa. Mstari ulipopangwa, nikasikia mtu anamvuta mtoto wake kwa nguvu na kumwambia, "Wewe hapana. Wewe huendi pale." Mtoto akaangua kilio. Nilipotoka nyuma ya ubao nikamkuta mwanamke wa miaka thelathini na kitu ananitazama. Akaniuliza kama namkumbuka Lissi, Lissi wa ng'ambo ya ghuba, rafiki yake Birthe.

Tulikaa kwenye viti vidogo vya watoto. Alisema siku ile alikuwa nyuma ya Birthe kwenye mstari, na alisikia kila neno. Alisema alirudi kwao kwa barabara inayozunguka ghuba, akakaa dirishani alasiri nzima akimngoja, akaliona lile koti jekundu likianza kuvuka, kisha hakuliona tena. Hakumwambia mtu. Alikuwa na miaka saba, na aliogopa masikio ya Tvebak yatadondoka. Alipokua akaona aibu, akasema maji yameshamwagika. Sikumlaumu. Kanuni ile niliitunga mimi.

Haya ndiyo maneno ya mwanao, Asger, nayaandika kama alivyonipa, sikuongeza wala sikupunguza. Alimwambia Tvebak hivi: "Baba amesema nisikanyage barafu, bado nyembamba. Amenishika mashavu akasema nirudie, nikarudia. Lakini Lissi ataningoja kwao, ng'ambo. Wewe unasemaje, niende?"

Ulimwambia. Ulimshika mashavu, ukamwambia, akakusikia, akarudia. Hukusahau kitu. Alikuwa analo neno lako mdomoni alipofika kwangu, na ni mimi niliyemwondolea.

Usiondoe lile jiwe. Mwandikie mchungaji kesho, kabla theluji haijafunga tena njia. Nafasi iliyo ubavuni mwake ni yako, ilikuwa yako siku zote. Ellinor nimemwandikia barua yake leo asubuhi, na polisi wa huko nimewaandikia pia, ingawa sijui kama wanaweka mambo ya zamani kiasi hicho. Watu wa makumbusho walimtaka Tvebak wamweke kwenye kioo. Nimewakatalia. Yumo kwenye kifurushi kinachofuatana na barua hii, na jiko la kuni unalo.

Nisalimie jirani zako, na yule paka wako mkorofi. Vaa soksi mbili, usilichoshe goti. Sikuombi msamaha kwa barua, maana ni rahisi mno. Treni zikianza kutembea nitakuja, nitagonga mlango wako na kusubiri nje. Ukitaka niingie, niambie kwa mdomo wako. Usiniitikie kwa kichwa.

Ni mimi dada yako,
Agnete