Kitabu cha Luther

Holmcroft, Yorkshire
12 Mei 1919

Kaka Enoch,

Pokea salamu zetu huko Kanada. Sisi hatujambo. Mvua haikatiki, na kuku wa shangazi wameacha kutaga.

Tamasha la mashindano ya kwaya limerudi, la kwanza tangu vita iishe. Wanaume wa sauti ya tatu wamebaki wanne tu, basi mwalimu wetu, Bwana Hinchliffe, akaniambia, "Thirza, wewe sauti yako nzito. Nenda kasimame nao."

Mzee Jabez wa besi akanitania, "Karibu, binti! Ila ndevu utaazima kwa nani?" Watu wakacheka, nami nikacheka.

Kitabu cha nyimbo nilichopewa kilikuwa cha marehemu mume wangu. Luther alikuwa ametia alama ya penseli kila mahali pa kuvuta pumzi. Nikaimba hivyo hivyo, nikivuta pumzi pale alipovuta yeye.

Tumeshinda. Jaji aliisifu sana sauti ya tatu. Wenzangu walilia, mimi nilikwenda kunywa chai.

Jana Bwana Hinchliffe alikuja kukusanya vitabu vya kwaya. Nimemwambia changu kimepotea. Usimwambie mtu.

Dada yako,
Thirza